Kusudi Ni Kusudi?

Soma kwa ajili ya somo hili: Kutoka 21:28–32, Mambo ya Walawi 6:1–7, Hesabu 15:22–36, Kumbukumbu la Torati 19:4–13, Waebrania 10:19–31, 1 Petro 5:1–4.

Sabato ile darasa letu lilikaa kwenye baraza ya kanisa, maana ndani watoto walikuwa wakijifunza wimbo. Tulikuwa tumefika Waebrania sura ya 10. Kijana aliyekuwa akisoma alipofika aya ya 26 alisita kidogo kwenye neno “kusudi”, kisha akaendelea mpaka mwisho. Bibi mmoja aliyekaa karibu na nguzo akainua mkono. Si mtu wa maneno mengi. Katika miaka yote ya kuwa naye darasani nilikuwa nimemsikia akiuliza maswali mawili, labda matatu.

“Mwalimu,” akasema, “hapo pameandikwa kusudi. Mimi nimewahi kufanya kusudi. Sasa mimi nikae wapi?”

Nilimjibu haraka, kama tufanyavyo walimu tukiona saa imekwenda. Nilimwambia, “Bibi, aya hiyo inawahusu wale waliomwacha Kristo kabisa.” Akanitazama kwa upole, kama mtu anayemhurumia mtoto, akasema, “Kusudi ni kusudi, mwalimu.” Akafunga Biblia yake. Mwisho wa robo ile Meza ya Bwana ilipoandaliwa, hakuja kutawadhana miguu na wenzake. Robo iliyofuata hakuja pia.

Ameniruhusu nisimulie habari yake, mradi nisitaje jina lake wala kijiji. Nitairudia baadaye. Kwanza nataka tulitazame neno lenyewe, kwa sababu niligundua kwamba nilikuwa nimelifundisha kwa miaka mingi bila kujua lina uzito gani.

Katika Kiswahili chetu neno hili lilitoka Kiarabu, nalo lina nyuso zaidi ya moja. Tunasema “kusudi la Mungu”, na hapo ni jambo jema, ni shabaha. Tunasema “nimekuja kusudi nikuone”, na hapo ni sawa na kusema “ili”. Lakini likiingia katika wingi na kusimama peke yake, linageuka uso: “Amefanya makusudi!” Hakuna asemaye hivyo akisifu. Mtoto akimwaga uji, mama huuliza kama ni bahati mbaya au makusudi, na katika swali hilo makusudi humaanisha ukorofi, kumtaka mtu ubaya. Kwa hiyo masikio yetu yanaposikia “dhambi kusudi” husikia mambo mawili pamoja: kufanya nikijua, na kufanya kwa nia ya kuchokoza. Hayo mawili si kitu kimoja. Mtu anaweza kufanya jambo akijua kabisa ni baya, huku anatetemeka, huku anatamani asingelifanya. Huyo naye kafanya kusudi.

Wenzetu wanaosoma Biblia kwa Kiingereza walikutana na shida hii kabla yetu. Tafsiri ya mwaka 1611 iliweka katika aya hiyo neno “wilfully”, ambalo shina lake ni utashi, nia ya mtu. Tafsiri za karne ya 20 nyingi zililiacha zikachukua “deliberately”, ambalo lina wazo la kupima kwanza, kama mtu anayeweka vitu kwenye mizani kabla ya kuamua. Maneno haya mawili huonekana ndugu, lakini mtu anaweza kutenda kwa utashi bila kupima chochote. Hasira hufanya hivyo kila siku.

Nilishangaa kuona kwamba neno hili la 1611 limewahi kuamua maisha ya watu mahakamani, tena watu wa sala. Huko Uingereza kulikuwa na kundi la Wakristo walioitwa Watu wa Pekee, wenye nguvu zaidi katika jimbo la Essex. Wao walishika Yakobo 5:14 kwa namna hii: mgonjwa apakwe mafuta na wazee wamwombee, basi, daktari haitwi. Baba mmoja wa kundi hilo, aliyeitwa Senior, alifiwa na mtoto mchanga asiyefikisha mwaka. Sheria ya 1894 ilimwadhibu mzazi ambaye kwa “wilfully” humtelekeza mtoto. Watu walikubali kwamba katika mambo mengine yote alikuwa baba mwema. Alimpenda mtoto, alimlisha, alimwombea. Hukumu yake, iliyomo katika vitabu vya sheria vya mwaka 1899, ilisema kwamba alikuwa na hatia. Jaji Mkuu, Lord Russell wa Killowen, alieleza kwamba maana ya neno lile ni kwamba tendo limefanywa kwa kujua na kwa kukusudia, si kwa ajali wala kwa kupitiwa. Je, yule baba alikusudia mtoto afe? Hapana, hata kidogo. Alikusudia kutomwita daktari? Ndiyo. Mahakama iliona hilo latosha.

(Nasema kwa kupita tu: kwa kuwa kanisa letu lina hospitali na zahanati, tusijione tuko mbali na baba huyu. Wako miongoni mwetu wanaofunga na kuomba siku tatu mtoto akiwa na homa ya malaria, ndipo wanakumbuka zahanati.)

Mwaka 1980 neno hilohilo lilifika tena mbele ya Mahakama ya Malodi, ambayo wakati huo ilikuwa ya juu kabisa Uingereza, katika kesi ya Sheppard. Wazazi wawili vijana, maskini, wenye uelewa mdogo, walikuwa wamempoteza mtoto wa miezi kumi na sita kwa baridi na utapiamlo. Walisema hawakutambua kwamba anaumwa kiasi cha kuhitaji daktari. Majaji watatu dhidi ya wawili waliamua kwamba neno lile linamhusu mzazi aliyejua kwamba afya ya mtoto inaweza kuwa hatarini, au aliyeacha kumtafutia msaada kwa sababu hakujali kama mtoto anauhitaji au la. Asiyetambua kweli, kwa ujinga au upungufu wa akili, hawezi kuhesabiwa kwamba alifanya kwa utashi. Hatia ikafutwa.

Ona jinsi mwisho wa mambo ulivyo mbali. Neno ni lile lile, mtoto amekufa katika kesi zote mbili, na hakuna mzazi aliyetaka mtoto afe. Tofauti iko wapi? Iko katika kujua na katika kujali. Kumbuka maneno haya mawili, maana Musa aliyajua.

Kabla ya Musa, nitaje mtu mmoja wa Oxford na mwingine wa Marekani. J. L. Austin, mwanafalsafa aliyekufa mwaka 1960, alipenda sana kuchunguza visingizio vya watu. Aliamini kwamba ukisikiliza kwa makini jinsi watu wanavyojitetea utajifunza mambo ambayo vitabu vikubwa vimeyakosa. Yeye alitenganisha namna tatu za kutenda: kukusudia, kupima kwanza, na kuwa na shabaha. Zinaweza kuja pamoja, na zinaweza kuachana. Joshua Knobe, naye, alichapisha mwaka 2003 jaribio dogo alilofanya na watu waliokuwa katika bustani ya wazi huko Manhattan. Aliwasimulia habari ya mwenyekiti wa kampuni. Mwenyekiti anaambiwa kwamba mradi mpya utaleta faida, na pia utaharibu mazingira. Anajibu kwamba mazingira hayamhusu hata kidogo, anataka faida tu. Mradi unaanza, mazingira yanaharibika. Je, aliyaharibu kwa kukusudia? Asilimia 82 walisema ndiyo. Watu wengine wakasimuliwa habari ile ile, isipokuwa mradi utayasaidia mazingira badala ya kuyaharibu, na mwenyekiti anajibu vilevile kwamba hajali. Je, aliyasaidia kwa kukusudia? Walioitika ndiyo ni asilimia 23 tu.

Nililijaribu jambo hili darasani kwetu kwa mfano wa huku. Mwenye shamba la juu anaambiwa kwamba akifungua maji ya ndiva usiku, watu wa mifereji ya chini watakosa. Anasema, “Mimi nataka mahindi yangu yaote, ya chini hayanihusu.” Maji yanakauka chini. Darasa zima, hata wazee, wakasema: amewakausha makusudi. Kisha nikageuza. Akifungua maji, yatafurika na kuwafikia wa chini nao wapate. Akasema vilevile kwamba hayamhusu. Je, amewanywesha makusudi? Wakacheka. Shemasi mmoja akasema, “Huyo tusimshukuru, mwalimu. Maji yamemponyoka tu.”

Wengine wamelieleza jambo hili kama kasoro ya akili zetu, kwamba tunahukumu kwanza ndipo tunatafuta neno. Mimi sioni hivyo. Naona watu hawa wanajua kwamba jema halifanyiki kwa kutojali, wakati baya laweza kabisa kufanyika hivyo. Ili nikutendee mema ni lazima nikutazame. Ili nikudhuru yatosha kukupa kisogo.

Sasa Musa. Wengi tumezoea kusema kwamba torati ina vikapu viwili: dhambi ya kukusudia na dhambi ya bahati mbaya. Vikapu hivyo vipo. Katika Kumbukumbu 19 mtu anakwenda msituni na mwenzake kukata kuni, shoka linachomoka katika mpini, mwenzake anakufa. Huyo anakimbilia mmoja wa miji ya makimbilio. Yule anayemvizia jirani kwa chuki, hata akiingia katika mji huo, wazee wanamtoa. Neno la Kiebrania ambalo torati hulitumia kwa dhambi isiyokusudiwa, shegaga, linatoka katika wazo la kupotea njia. Ezekieli 34:6 hutumia kitenzi cha jamii hiyo kwa kondoo wanaotangatanga milimani. Kondoo hapangi kupotea. Anafuata jani moja, kisha jani lingine, anapoinua kichwa mchungaji haonekani.

Lakini soma Kutoka 21:28–32 polepole, halafu uliweke fungu hilo katika kikapu kimoja kati ya viwili. Ng’ombe anampiga mtu pembe na kumuua. Ng’ombe anapigwa mawe, mwenyewe hana hatia. Mpaka hapo ni ajali, na ajali haina kinga. Lakini kama ng’ombe huyo alikuwa na desturi ya kupiga watu pembe tangu zamani, na mwenyewe alionywa, naye hakumfunga, mambo yanabadilika: mwenye ng’ombe naye anastahili kufa, isipokuwa akitozwa fidia ya uhai wake. Je, alikusudia mtu auawe? Hapana. Huenda siku ile alikuwa safarini. Je, ni bahati mbaya? Hapana pia. Alijua, na hakujali kiasi cha kwenda kununua kamba. Malodi wa Uingereza walihitaji kesi nyingi kufika mahali ambapo fungu hili lilikuwa limesimama.

Muulize mwendesha bodaboda ambaye breki zake zimekwisha, naye ameambiwa na fundi. Muulize mweka hazina aliyejua kwamba sanduku halifungi. Muulize mzee wa kanisa aliyenong’onezwa habari za mwalimu fulani wa watoto akasema tutaliangalia. Wote watasema “sikukusudia”, na wote watakuwa wanasema kweli. Kweli hiyo haiwatoshi, kwa sababu swali la ng’ombe si “Ulikusudia?” bali “Uliambiwa?” Nami nimo. Niliwahi kuahirisha kumtembelea mgonjwa kwa majuma matatu nikijua yuko peke yake, na alipofariki nilisema sikujua kwamba hali imefika huko. Sikujua kwa sababu sikwenda.

Hapo ndipo nilipoona kosa la jibu langu kwa bibi. Nilikuwa nimetaka kumpunguzia neno, nimwambie kwamba kusudi lake halikuwa kusudi hasa. Yeye alikuwa mkweli kuliko mimi. Hakutaka neno lipunguzwe.

Basi aya ile ya Waebrania yasema nini? Neno la Kiyunani lililotafsiriwa “kusudi” ni hekousios, nalo katika Agano Jipya linapatikana katika umbo hilo mara mbili tu. Mara ya kwanza ni hapa. Mara ya pili ni 1 Petro 5:2, Petro anapowaagiza wazee walichunge kundi pasipo kulazimishwa, bali “kwa hiari”. Tafsiri yetu ya Kiswahili imeweka maneno mawili tofauti, na mtu hawezi kujua kwamba yana chanzo kimoja. Neno linalomtia bibi yetu hofu ndilo neno Petro analotumia kwa mchungaji anayelisha kundi kwa moyo. Kinyume chake hapo kwa Petro ni kulazimishwa. Kwa hiyo wazo lake kubwa ni hili: hapana aliyemsukuma, amechagua mwenyewe, na anaendelea kuchagua. Nasema “anaendelea” kwa sababu kitenzi cha dhambi katika aya ile kiko katika hali ya kuendelea, si tendo moja lililopita. Na aya ya 29 inaonyesha mtu huyo anafanya nini: anamkanyaga Mwana wa Mungu na kuihesabu damu ya agano kuwa kitu cha kawaida. Huyo hakai kwenye baraza ya kanisa akiuliza akae wapi.

Mwandishi wa Waebrania alikuwa na torati mikononi, na nyuma ya maneno yake iko Hesabu 15. Huko kinyume cha shegaga ni dhambi ya “mkono ulioinuliwa”. Ni picha ya mwili. Kutoka 14:8 hutumia maneno hayo kwa Israeli walipotoka Misri mbele ya macho ya Farao, bila kujificha, wakiwa wameinua vichwa. Mtu wa mkono ulioinuliwa anafanya dhambi kwa namna hiyo, kama anayetoka utumwani, akijionyesha kwamba yuko huru na Mungu. Mara baada ya maneno hayo inafuata habari ya mtu aliyeokota kuni siku ya Sabato. Habari hii tumeitumia sana kuwaogofya watoto, na naona si haki kwa fungu lenyewe. Imewekwa pale kama mfano wa mkono ulioinuliwa. Haikuwekwa kutufundisha kuhesabu vijiti.

Lakini je, kuna kitu kati ya kondoo aliyepotea na mkono ulioinuliwa? Kuna mtu aliyefanya akijua, kwa siri, kwa tamaa, mkono ukiwa umefichwa ndani ya kanga. Yeye ana dhabihu?

Fungua Mambo ya Walawi 6:1–7. Mtu amemdanganya mwenzake juu ya amana, au amemnyang’anya, au amemwonea, au ameokota kilichopotea akakana, kisha akaapa kwa uongo. Hakuna hata moja kati ya hayo linaloweza kutendeka kwa bahati mbaya. Huwezi kuapa uongo kwa kupitiwa. Ni kusudi, kusudi tupu. Na bado aya ya 6 na ya 7 zinamleta mtu huyo kwa kuhani na kondoo dume, naye anasamehewa. Katikati yake kuna aya ya 4 na ya 5: kwanza arudishe alichochukua kwa ukamilifu, aongeze sehemu ya tano juu yake, naye ampe mwenyewe siku ile anapoleta sadaka yake. Hesabu 5:6–8 inaongeza kwamba ataungama alichofanya, tena kama mwenye haki hayupo duniani na hana jamaa, kipo cha kufanya hata hapo.

Nilikwenda kwa bibi na fungu hilo. Sikumweleza Kiyunani. Tulikaa jikoni kwake, akasoma mwenyewe kwa kidole, aya ya 1 hadi ya 7, akarudia aya ya 5. Akanyamaza. Kisha akauliza, “Sehemu ya tano ya shamba inapimwaje?”

Ndipo aliponieleza. Miaka kumi na tisa iliyopita jirani yake alifiwa na mume. Kati ya mashamba yao mpaka ulikuwa wa masale. Katika miezi ile ya matanga na vurugu, bibi aliyang’oa masale usiku, akayapanda hatua mbili ndani ya shamba la mjane, kwa urefu wa hatua arobaini. Katika ukanda huo ulikuwamo mparachichi. Mjane alilalamika. Wazee wa mtaa walikaa, bibi akaapa kwamba masale yalikuwa pale tangu enzi za baba mkwe wake. Kwa kuwa alikuwa mtu wa kanisa, aliaminiwa. Mjane alionekana mwongo, na alikufa miaka mingi baadaye akiwa bado anaitwa hivyo.

Nilimtafuta mtoto wa mjane, anayefanya kazi mjini. Tulipanga aje mwisho wa mwaka. Wakati tukisubiri, darasa (kwa idhini ya bibi) lilihangaika na hesabu kuliko lilivyowahi kuhangaika na theolojia. Sehemu ya tano ya hatua mbili si hata nusu hatua, hiyo ilikuwa rahisi. Maparachichi je? Matunda ya miaka kumi na tisa, nani ameyahesabu? Kijana mmoja alipendekeza bei ya sasa ya sokoni. Shemasi akasema mti ule huzaa mwaka na kupumzika mwaka. Mwishowe bibi mwenyewe alikata shauri: ataongeza mbuzi wawili.

Mtoto wa mjane alikuja. Tulikuwa watu sita kwenye mpaka, pamoja na mmoja wa wazee waliokaa baraza lile la zamani. Nilikuwa nimeandaa maneno ya utangulizi, na katika maneno hayo niliandika kwamba mama huyu hakuwa na nia ya kumvunjia heshima marehemu, kwamba alitaka shamba tu. Ilikuwa kweli, nadhani. Alijua kwamba kiapo chake kitamfanya jirani aonekane mwongo, ila hilo halikuwa shabaha yake. Alikuwa kama yule mwenyekiti wa Manhattan. Sikupata nafasi ya kuyasema. Yule mtoto alisimama mbele ya bibi akauliza, “Shikamoo nimekuamkia, bibi, kwa sababu ya umri wako. Sasa niambie. Mama yangu alikufa akiitwa mwongo. Hilo nalo hukulikusudia?”

Wote tulimtazama bibi. Mlango wa kutokea ulikuwa wazi pale. Angeweza kusema, na sisi tungemsaidia kusema.

“Nilikusudia,” akasema. “Nilijua watakavyomwita, nikaapa.”

Mzee wa baraza akainamisha kichwa. Yule kijana hakusema amesamehe, wala hakusema hajasamehe. Alikaa kimya muda mrefu, kisha akavua koti akaomba jembe. Masale yaling’olewa yakapandwa mahali pa zamani, na nusu hatua zaidi upande wa bibi. Mbuzi mmoja alimpokea. Wa pili alimrudisha, akasema mparachichi ulipandwa na baba yake, hauna bei. Alitaka jambo moja tu juu ya hayo: maneno yaliyosemwa pale mpakani yasemwe tena mbele ya watu wa mtaa, kwa sababu uongo ulisemwa mbele yao.

Yalisemwa, Jumapili iliyofuata, bibi akiwa amekaa kwenye kigoda kwa sababu ya miguu. Meza ya Bwana ilikuwa bado majuma matano. Aliniuliza ni nani angekubali kumtawadha miguu.

Kabla ya kufunga kitabu Sabato hii, someni tena kwa sauti Mambo ya Walawi 6:1–7, halafu Waebrania 10:26, kwa mfuatano huo. Kisha kila mmoja ajiulize kimyakimya, pasipo kuwaeleza wengine: ni lipi nililolifungia kwa neno “sikukusudia”, nami niliambiwa?